Squid Game inarudi 26 Desemba 2024: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Zimepita zaidi ya siku elfu moja tangu tumwache Seong Gi-hun, mhusika mkuu wa tamthilia hii ya Korea Kusini, kwenye kordo ya kuingilia ndege, nywele nyekundu kichwani, simu sikioni, akigeuza mguu. Sasa, Desemba 2024, anarudi. Maswali haya ndiyo yanayozunguka kwenye magrupu ya WhatsApp na kwenye maduka ya kurushia filamu, nami nimeyajibu kwa ajili ya aliyeiangalia 2021 akasahau nusu yake, na kwa ambaye hajaiona kabisa. Wewe wa pili, ukifika kwenye swali la "Msimu wa kwanza uliishaje?" ruka. Maswali manne yanayofuata hapo nayo yanatoboa siri, kwa hiyo endelea kusoma kuanzia swali la pesa.

Inatoka lini, na saa ngapi kwetu?

Alhamisi, 26 Desemba 2024, kwenye Netflix, dunia nzima kwa wakati mmoja. Netflix hufungua vipindi vyake usiku wa manane wa California. Kwa Dar es Salaam, Nairobi, Kampala na Mogadishu hiyo ni saa 5 asubuhi. Goma, Lubumbashi, Bujumbura na Kigali ni saa 4 asubuhi. Ndugu zetu wa Muscat watangoja hadi saa 6 mchana. Ukiamka alfajiri kuitafuta utajichosha bure.

Ina sehemu ngapi?

Saba, na zote zinawekwa siku hiyohiyo. Msimu wa kwanza ulikuwa na sehemu 9.

Jambo moja ujue mapema usije ukanung'unika mwishoni: mtunzi aliandika hadithi moja ndefu kisha akaikata vipande viwili. Kipande cha pili ndicho msimu wa tatu, nao umeshatangazwa kuwa wa mwisho na kwamba utatoka 2025. Kwa hiyo usitegemee kila fundo lifunguliwe Desemba hii.

Sijawahi kuiona. Inahusu nini?

Watu 456 wamekabwa na madeni hadi hawana pa kutokea. Kila mmoja anafuatwa na mtu nadhifu mwenye suti na mkoba, anachezeshwa mchezo mdogo wa karatasi stesheni ya treni, anapewa kadi yenye alama tatu: duara, pembetatu na mraba. Akipiga simu iliyo nyuma ya kadi, anachukuliwa usiku, anapulizwa dawa ya usingizi ndani ya gari, anaamkia kwenye bweni kubwa akiwa amevaa trakisuti ya kijani yenye namba kifuani. Ataambiwa kuna michezo 6, yote ni ya utotoni, na atakayeimaliza atapata mamilioni. Hawaambiwi kwamba anayeshindwa anauawa papo hapo. Hilo wanaligundua kwenye mchezo wa kwanza, mbele ya kidoli kikubwa cha msichana kinachogeuza shingo.

Mhusika mkuu ni Gi-hun, namba 456, anayechezwa na Lee Jung-jae. Ni dereva aliyeachika, anacheza kamari ya farasi, anaishi kwa mama yake, na binti yake anakaribia kuhamishiwa Marekani na baba wa kambo. Si steringi wa kupiga watu ngumi. Ni mtu mlegevu mwenye huruma, na huruma hiyo ndiyo inayoibeba tamthilia nzima.

Kwa nini iliishika dunia namna ile?

Takwimu kwanza. Ilitoka 17 Septemba 2021, na ndani ya siku 28 watu walikuwa wameitazama kwa jumla ya saa bilioni 1.65. Hakuna kipindi cha Netflix kilichokuwa kimefika hapo. Mwaka uliofuata ikawa tamthilia ya kwanza isiyo ya Kiingereza kuwania tuzo ya Emmy ya tamthilia bora. Tarehe 12 Septemba 2022 Lee Jung-jae akachukua ile ya mwigizaji bora wa kiume, mtunzi Hwang Dong-hyuk akachukua ya uongozaji, na Lee Yoo-mi, yule binti namba 240 wa kwenye mchezo wa gololi, alikuwa ameshapata yake ya mwigizaji mgeni. Msimu wa pili nao umeteuliwa kuwania Golden Globe hata kabla haujaonyeshwa.

Lakini takwimu hazielezi kwa nini mama anayeuza vitenge Kariakoo aliielewa bila kuelezwa. Naamini sababu ni deni. Tanzania tuna mikopo ya kausha damu: mtu anakopa laki mbili kwa ajili ya ada ya mtoto, anarejesha kila wiki, akichelewa anabebewa kochi, televisheni na mtungi wa gesi mbele ya majirani. Kenya watu wamekopa kupitia programu za simu, wakichelewa anapigiwa shemeji, mchungaji na bosi, kila aliyemo kwenye orodha ya namba zao. Novemba 2024 Benki Kuu ya Tanzania ilitangaza orodha ya makumi ya programu za mikopo zinazoendeshwa bila leseni. Mtazamaji wa namna hii hahitaji kujua lolote kuhusu Seoul. Anamwona mtu aliyepigwa hadi pua inavuja damu, akitia sahihi karatasi ya kukabidhi viungo vya mwili wake kwa wadai, na moyo unamwenda mbio kwa sababu anaijua hofu hiyo.

Nani aliitunga?

Hwang Dong-hyuk, mwandishi na mwongozaji, mzaliwa wa Seoul mwaka 1971. Kabla ya hapa alishatengeneza filamu nzito, ikiwemo ile ya 2011 kuhusu watoto viziwi walionyanyaswa kingono shuleni Gwangju, ambayo iliwasha hasira ya umma hadi bunge la Korea Kusini likabadilisha sheria za makosa ya kingono dhidi ya watoto na walemavu. Ni mtu anayejua kwamba filamu inaweza kugusa kitu halisi.

Hii ya michezo aliiandika 2008 na 2009, wakati yeye mwenyewe hana kitu. Familia yake ilikuwa inaishi kwa mikopo. Alikuwa akishinda kwenye vibanda vya kusomea vitabu vya katuni, akisoma hadithi za watu wanaoshindania kuishi, akajiuliza angefanya nini angeitwa kwenye mchezo wa namna ile. Kuna wakati alilazimika kuacha kuandika akauza kompyuta yake ndogo kwa dola 675. Alipopeleka andiko kwa wenye pesa wakamwambia ni la kikatili mno, tena haliaminiki. Lilikaa kabatini karibu miaka 10 mpaka Netflix walipolichukua.

Huyo ndiye mtu aliyekuwa akisema hataki kuendelea na msimu mwingine. Kazi ya kwanza ilimchosha hadi akang'oka meno kadhaa. Novemba 2024 aliwaeleza waandishi wa habari bila kuzungukazunguka kwamba pesa ni sababu mojawapo ya kurudi, kwa kuwa mafanikio makubwa ya msimu wa kwanza hayakumwingizia mengi mfukoni. Namheshimu zaidi kwa kulisema hilo hadharani.

Je, ni kisa cha kweli?

Kisiwa, michezo na mauaji ni vya kutunga. Jeraha la Gi-hun ni la kweli.

Kwenye hadithi, Gi-hun alifanya kazi miaka mingi kwenye kiwanda cha magari, akafukuzwa pamoja na wenzake, wakagoma, na rafiki yake akafa mbele yake polisi walipovamia. Hwang ameeleza wazi kwamba alichukua hilo kutoka kiwanda cha Ssangyong mjini Pyeongtaek. Mwaka 2009 kampuni ile ilitangaza kupunguza zaidi ya wafanyakazi 2,600. Wafanyakazi wakakikalia kiwanda siku 77, mpaka polisi walipoingia kwa helikopta na nguvu. Miaka iliyofuata, wengi kati ya walioachishwa na ndugu zao walijiua au kufa kwa maradhi. Kwa Wakorea, mtu aliyetoka kwenye mgomo ule, akajaribu biashara ya kuku wa kukaanga ikafa, akabaki na deni, ni mtu wanayemfahamu kwa sura. Taifa lao tajiri lina madeni ya kaya ambayo, msimu wa kwanza ulipotoka, yalikuwa yamelizidi pato zima la nchi kwa mwaka.

Hata mtaa wa Gi-hun, Ssangmun-dong kaskazini mwa Seoul, ndiko Hwang alikokulia.

Msimu wa kwanza uliishaje? (Siri zinaanza hapa.)

Fainali walibaki wawili waliokua mtaa mmoja: Gi-hun na Cho Sang-woo, kijana aliyesoma chuo kikuu bora kabisa nchini, fahari ya mama yake muuza samaki, ambaye alikuwa amefuja pesa za wateja na kuweka rehani duka la mama. Gi-hun alimshinda, kisha akakataa kumaliza. Akataka wote wawili waondoke bila pesa. Sang-woo akajichoma kisu shingoni, akimwomba amtunzie mama yake.

Gi-hun anarudi nyumbani na mabilioni, anamkuta mama yake amekufa sakafuni. Mwaka mzima haigusi ile pesa. Anakuja kuitwa na mzee Oh Il-nam, namba 001, yule babu tuliyemlilia kwenye gololi, na kumbe hakufa. Yeye ndiye mwenye michezo: tajiri aliyechoka na utajiri. Anafia kitandani usiku wa Krismasi baada ya kushindwa dau la mwisho, kama kuna atakayemsaidia mlevi aliyelala kwenye theluji barabarani.

Kisha Gi-hun anamchukua mdogo wa Kang Sae-byeok, mchezaji mwenzake aliyekufa, kutoka kituo cha watoto yatima, anampeleka alelewe na mama wa Sang-woo pamoja na sanduku la pesa, anaelekea uwanja wa ndege kwenda kwa binti yake. Stesheni anamwona yule mtu wa suti akimchezesha mtu mwingine. Anampokonya mtu yule kadi. Mlangoni mwa ndege anaipiga simu ile, na anageuka.

Ana pesa, ana mtoto anayemsubiri. Kwa nini arudi?

Hili ndilo swali kubwa kuliko yote kwenye tamthilia hii, na kulijibu lazima turudi kwenye sehemu ya pili ya msimu wa kwanza, ambayo wengi waliiona ya polepole. Mimi naiona ndiyo moyo wa hadithi.

Baada ya mchezo wa kwanza wamekufa watu 255. Waliobaki 201 wanalia, wanapiga magoti, wanataka kwenda kwao. Sang-woo anakumbusha kipengele cha tatu cha mkataba: wengi wakikubaliana, michezo inasitishwa. Walinzi wenye barakoa hawabishi. Wanakubali kura ipigwe, ila kabla ya kupigwa wanashusha kutoka darini nguruwe mkubwa wa kioo mwenye taa ndani, noti zinaanza kumwagika tumboni mwake, won milioni 100 (won ni pesa ya Korea Kusini) kwa kila maiti. Kilio kinakoma. Nyuso zinainuka juu. Ndipo wanaitwa mmoja mmoja, kuanzia namba 456 kushuka, kubonyeza duara au msalaba. Inafika 100 kwa 100. Kura ya mwisho ni ya yule mzee, naye anabonyeza kuondoka.

Wanaachiwa. Hakuna hila, kila mtu anarudi kwake. Tunamwona Gi-hun akihangaikia mguu wa mama yake unaooza kwa kisukari, na pesa ya operesheni hana. Tunamwona Ali, kibarua kutoka Pakistan, akimdai tajiri mshahara aliouzuia kwa miezi. Tunamwona Sae-byeok, mkimbizi wa Korea Kaskazini, aliyetapeliwa na dalali aliyeahidi kumvusha mama yake. Siku chache baadaye kadi zinawafikia tena. Kati ya 201, wanaorudi ni 187, kwa miguu yao, wakijua kabisa kinachowangoja.

Hapo ndipo tamthilia inaposema neno lake. Bunduki zinatisha, lakini linalotisha zaidi ni kwamba watu walipewa mlango wazi, wakatoka, wakaona maisha ya nje, wakarudi. Gi-hun ni mmoja wao. Kwa hiyo anaporudi mara ya tatu, akiwa na pesa, amebadilika kitu kimoja tu: sasa harudi kwa ajili ya deni la fedha. Anadaiwa na wafu wa michezo ile, na anataka kuivunja nyumba yenyewe. Kama inawezekana kuivunja ukiwa ndani, ndilo jambo nitakaloliangalia kwa macho yote.

Nimesikia safari hii kura itapigwa kila baada ya mchezo. Ni kweli?

Ni kweli, na kwangu ndiyo habari bora kuliko zote zilizotolewa. Wachezaji watapigishwa kura kila mchezo ukiisha, wabaki au waondoke, na kwenye trela wanaonekana wamebandikwa alama kifuani kuonyesha upande wao: duara kwa wanaotaka kuendelea, msalaba kwa wanaotaka kutoka. Hwang amesema anataka kuonyesha jinsi jamii zinavyogawanyika makundi mawili yanayochukiana, na kama kura ya wengi inatosha kuwa haki.

Fikiria bweni lile usiku. Upande mmoja unataka kuishi, mwingine unataka chungu kijae zaidi, na kila mmoja anajua mwenzake kachagua nini. Kwenye kipande kimoja cha trela Gi-hun anawapigia kelele wenzake mbele ya kidoli wasitikisike, anawaokoa. Kila anayeokoka ni kura. Naye anaweza kuwa ameiokoa kura itakayombakiza ndani.

Nani anarudi, nani mgeni?

Wanaorudi ni Lee Jung-jae kama Gi-hun, Lee Byung-hun kama msimamizi mwenye barakoa nyeusi, Wi Ha-joon kama askari Jun-ho, na Gong Yoo, yule mtu wa suti. Karibu wengine wote wamekufa, kwa hiyo usimtarajie Ali wala Sae-byeok.

Wageni ni wengi, na kwa wapenzi wa sizoni za Kikorea ni majina mazito: Yim Si-wan, Kang Ha-neul, Park Gyu-young, Park Sung-hoon, Yang Dong-geun, Jo Yu-ri, Lee Jin-wook. Mama mzee Kang Ae-shim anacheza mzazi aliyeingia mchezoni na mwanawe mkubwa. Hao wawili ndio ninaowahofia mapema. Yupo pia Choi Seung-hyun, aliyejulikana kama T.O.P wa kundi la muziki la Big Bang. Kuchaguliwa kwake kulizua manung'uniko Korea kutokana na kesi yake ya bangi ya mwaka 2017.

Yule askari si alipigwa risasi akaanguka baharini?

Alipigwa bega, akaanguka kutoka kwenye jabali, maiti hatukuonyeshwa. Yu hai na anaendelea kukitafuta kisiwa. Kumbuka aliyempiga ni kaka yake, Hwang In-ho, ndiye yule msimamizi mwenye barakoa. Jun-ho alilikuta jina la kaka yake kwenye kumbukumbu za michezo kama mshindi wa 2015. Maana yake msimamizi naye alikuwa mchezaji mwenye deni, akashinda, akarudi, na akachagua upande mwingine. Yeye na Gi-hun wametoka mlango mmoja.

Pesa ya ushindi ni kiasi gani kwa shilingi?

Won bilioni 45.6. Kwa viwango vya Desemba 2024 ni takriban dola milioni 32, yaani zaidi ya shilingi bilioni 4 za Kenya au zaidi ya bilioni 70 za Tanzania. Hesabu yake ni nyepesi: vichwa 456, kila kimoja won milioni 100.

Michezo itakuwa ileile?

Ule wa kidoli upo, umeonekana kwenye trela. Mingine imefichwa, ila kuna jukwaa kubwa la kuzunguka kama bembea za sabasaba ambalo limewapa watu maswali mengi. Hwang pia aliahidi tangu Juni 2022 kwamba tutamwona Cheol-su, mwenzake Young-hee. Young-hee ndilo jina la kile kidoli. Majina hayo mawili Wakorea wanayajua kutoka vitabu vya kusomea vya shule ya msingi.

Kwa aliyesahau, ya msimu wa kwanza ilikuwa: kusimama kidoli kikigeuka, kukata umbo kwenye peremende ya sukari, kuvuta kamba, gololi, daraja la vioo, na ngisi wenyewe, yaani "squid" wa kwenye jina la tamthilia. Kuvuta kamba na gololi hatuhitaji kufundishwa, na Kenya mnaita bano. Ngisi unachorwa chini kwa kijiti: duara juu, pembetatu, mraba chini yake. Mshambuliaji anaruka kwa mguu mmoja hadi avuke kiuno cha ngisi. Akivuka anaruhusiwa miguu yote miwili, kisha apigane mpaka akanyage kile kichwa cha duara. Anayeilinda anamsukuma nje ya mstari. Watoto wa Korea wa miaka ya 1970 na 1980 walirudi nyumbani nguo zimechanika kwa mchezo huu.

Peremende ile ni sukari iliyoyeyushwa kwenye upawa, ikatiwa baking soda kidogo ikafura, ikabamizwa bapa na kugongwa umbo. Gi-hun alipata mwavuli, umbo gumu kuliko yote, akaokoka kwa kuilamba kwa nyuma mpaka ikalainika.

Na ukirudia msimu wa kwanza, tazama kuta za bweni. Mwanzoni zimezibwa na vitanda vilivyopangwa kama rafu za ghala. Watu wanavyokufa, vitanda vinaondolewa, na nyuma yake ukutani pamechorwa michezo yote, tangu siku ya kwanza. Walilala wameipa mgongo.

Niangalie kwa Kikorea au ile iliyotiwa sauti za Kiingereza?

Kikorea, na maandishi chini. Najua wengi wamezoea dijei anayetafsiri juu kwa juu, na ile ni sanaa yake yenyewe, inakusanya kibanda umiza kizima kikacheka pamoja. Ila hapa sauti za waigizaji zimebeba mengi. Sae-byeok akiwa mbele ya watu anaongea kama mtu wa Seoul ili asijulikane. Akikaa na mdogo wake kwenye kituo cha yatima, lafudhi ya Kaskazini inamrudia. Jung Ho-yeon, anayemcheza, alikuwa mwanamitindo, hii ni kazi yake ya kwanza ya kuigiza, na alilifanya hilo vizuri kiasi cha kushangaza. Kwenye sauti ya Kiingereza linafutika lote.

Watoto wanaweza kuangalia?

Hapana. Netflix wenyewe wameiwekea alama ya watu wazima. Kuna damu, kuna viungo vinavyotolewa maiti, kuna ngono, kuna watu kujiua. Kinachowapotosha wazazi ni rangi: ngazi za waridi na kijani, kidoli, wimbo wa kitoto. Mtoto akiona kipande cha sekunde 15 anadhani ni katuni. Mwaka 2021 shule moja ya Ubelgiji ililazimika kuwaandikia wazazi baada ya wanafunzi kuiga mchezo wa kwanza na kumpiga anayeshindwa.

Safari hii inatoka likizo ya Desemba, watoto wote wako nyumbani na simu za wazazi ziko mezani. Weka neno la siri kwenye akaunti, au mtengenezee mtoto ukurasa wake wa watoto. Na ukimkuta tayari ameona, kaa naye umuulize ameelewa nini. Kumfokea kutamfanya aende kuimalizia kwa jirani.

Nimetumiwa linki ya kupakua bure. Niibonyeze?

Usiibonyeze. Kila kitu kikivuma, matapeli wanavaa jina lake. Mwaka 2021 programu ya picha za Squid Game iliyokuwa kwenye duka la Google iligunduliwa ina kirusi. Mwaka huohuo ilianzishwa sarafu ya mtandaoni kwa jina la tamthilia. Ikapanda hadi zaidi ya dola 2,800 kwa moja, na 1 Novemba ikaporomoka hadi karibu sifuri dakika chache baadaye. Wenyewe walitoweka na mamilioni ya dola. Walionunua hawakuweza kuuza. Ukiambiwa usakinishe faili ya programu (APK) ili uone sehemu ya kwanza mapema, jua kinachotafutwa ni namba yako ya siri ya pesa za simu.

Kama tatizo ni bando, programu ya Netflix inakuruhusu kupakua sehemu ukiwa kwenye Wi-Fi ya ofisini au ya rafiki, kisha ukaangalia nyumbani bila mtandao. Chagua ubora wa kawaida. Kwenye skrini ya simu tofauti ni ndogo.

Ile ya watu halisi ni kitu kimoja na hii?

Si kimoja. Ile ni shindano lililopigwa Uingereza na kuonyeshwa Novemba 2023: washiriki 456, zawadi dola milioni 4.56, hakuna anayeuawa, na mshindi alikuwa Mai Whelan. Inaburudisha, lakini ukiikosa hukupoteza lolote la hadithi.

Nikianza leo nitawahi?

Utawahi. Sehemu 9 za msimu wa kwanza zinachukua kama saa 8 kwa jumla. Mbili kila jioni zinakutosha. Kama ulishaiona na unataka kujikumbusha tu, chagua nne. Ya kwanza, kwa ajili ya kidoli. Ya pili, kwa ajili ya kura, ambayo safari hii itakuwa na uzito zaidi. Ya sita, ya gololi, uiangalie usiku ambao kesho yake huna kazi nzito. Na ya tisa, hadi maandishi ya mwisho yapite, kwa sababu Gi-hun anaanzia palepale alipogeukia.